Upande wa Mto

Katika maktaba ya shule niliyofundishia historia, kule Kedowa, kulikuwa na kitabu kisicho na jalada kuhusu mkabaila mmoja wa Wafaranki, watu walioitawala Ufaransa kabla haijaitwa Ufaransa. Hakikuwa kwenye silabasi. Niliwasomea wanafunzi tu, kwa sababu kilinitia kinyaa na sikutaka kuona kinyaa peke yangu.

Bwana huyo alikuwa na mashamba, farasi, na mke aliyemzalia binti mmoja. Akatamani mke wa ukoo mkubwa zaidi. Basi yule wa kwanza akapelekwa kwenye nyumba ya watawa, akanyolewa nywele, na binti yake hakupata hata mzabibu mmoja. Mke mpya akazaa wana watatu, wakagawana kila kitu, mmoja akafanywa askofu kabla hajaota ndevu. Hayo niliweza kuyameza. Kilichonishinda ni mtawa mmoja wa kiume aliyeandika habari zao. Alilishwa na bwana, akavishwa na bwana, kisha akatupaka mafuta kwa mgongo wa chupa: eti mke aliingia utawani kwa hiari yake. Niliwaambia wanafunzi kwamba mwenye upanga ni mnyama tu, lakini huyu mwenye kalamu ni mchafu, ananuka hadi leo. Walicheka.

Kisha baba yangu akafa, nyumbani karibu na Silibwet.

Baba alikuwa na wake wawili, na mama yangu ndiye wa pili. Wa kwanza, tuliyemwita mama mkubwa, alipanda kwa mikono yake chai yote ya upande wa mto, huku amenibeba mgongoni, maana mama yangu alikuwa mtu wa kuuguaugua. Mtoto wake mwenyewe alikuwa binti mmoja tu. Nilipokuwa darasa la sita, baba alimfukuza. Niliona sufuria zake zikirushwa nje kwenye matope. Alirudi kwao Sotik na binti yake.

Kwetu kila nyumba ya mke hurithi sehemu yake, isipokuwa ya mke aliyeondoka kwa hiari. Na siku hizi kijitabu cha mazishi, kile chenye picha ya marehemu na wasifu wake, ndicho watu humpelekea chifu wakibishania shamba. Ndugu zangu na baba mdogo waliniketisha wakaniambia kwamba mimi ndiye mwalimu, niandike vizuri. Baba mdogo alisema mama mkubwa asiachwe nje kabisa, watu wangeuliza. Aandikwe kwamba alitaka mwenyewe. Nikifanya hivyo, upande wa mto utakuwa wangu.

Niliandika. Hakuna aliyenishika mkono. Kwanza niliweka kwamba aliondoka, nikafuta, nikaweka kwamba aliamua kwa hiari yake kurudi kwa wazazi wake. Niliisoma tena nikaona imekaa sawa. Nikikumbuka jinsi nilivyoridhika, natamani kutema mate.

Siku ya mazishi mama mkubwa alikuja, akakaa kiti cha mwisho hemani, na binti yake akamsomea kijitabu polepole. Walipomaliza alinijia. Nilidhani atanilaani, lakini alinishika mkono kama alivyokuwa akinishika tukivuka mto.

"Umeandika ati nilitaka," akasema. "Mwanangu, uliniuliza lini?"

Nilimwambia chakula kiko tayari, aende apate kitu kabla watu hawajajaa.

Baadaye binti yake alikwenda kwa chifu kudai sehemu ya mama yake. Alikuta kijitabu kimeshafika mezani. Chifu aliniuliza kama ni mimi niliyekiandika. Nikasema ndiyo. Akaniuliza kama kilichoandikwa humo ni kweli. Binti alikuwa ananitazama, naye ana macho ya mama yake. Nikasema ndiyo.

Leo asubuhi wamechuma upande wa mto. Majani ya ile miche ya mama mkubwa yamepelekwa kituo cha kununulia chai, yakapimwa na kuandikwa kwa namba yangu ya mkulima. Karani alinisalimu kwa heshima, akaniita mwalimu.