Urithi wa Eilif Ulio Chini ya Maji

Watu wa Skarvvika wakitaka kumtania Eilif Brattvoll humuuliza kama leo mawe yamekula chambo. Ni kwa sababu kila boti inapotokeza kwenye kona ya ghuba humkuta Eilif ametulia mahali pasipo na samaki hata wa dawa, mshipi majini, uso mkavu, hana hili wala lile. Na kila mtu anajua kwamba dakika tano nyuma hakuwa hapo. Alikuwa juu ya mwamba wake, akasikia injini, akavuta mishipi haraka haraka na kukimbilia kwenye uongo wake. Kwetu huo si uhuni. Mvuvi anayejiheshimu hakai juu ya siri yake watu wakimtazama, na jirani anayejiheshimu hamnyemelei. Humtania dukani, basi, yakaishia hapo.

Mwamba wenyewe ni mwinuko mdogo chini ya maji, haujazidi uwanja wa kanisa, katika ghuba yenye urefu wa kilomita arobaini iliyobanwa na milima huku na huku. Mwishoni mwa Januari skrei hushuka kutoka bahari ya kaskazini kuja kutaga, samaki wakubwa weupe wa kubebwa mabegani, na wakifika ghubani hukusanyika juu ya mwinuko huo. Ukikosea kwa mita mia moja, unavua maji. Eilif hakuwahi kuuandika popote, wala hakuuhifadhi kwenye chombo cha boti chenye ramani, maana chombo huibwa. Aliuweka kichwani, kwa alama mbili za nchi kavu alizoonyeshwa na baba yake.

Baba huyo, Mzee Peder, alipogawa mali aligawa kwa mdomo tu. Nyumba ya njano ya pwani, ya Ragnfrid, binti mkubwa. Mwamba, wa Eilif. Lakini alama aliwaonyesha wote wawili siku moja, Eilif akiwa na miaka kumi na miwili, kwa kuwa baharini mtu hufa, na akifa peke yake hufa na anachokijua. Kisha akawakanya: asisikie asiye wa damu yao.

Eilif hakuwahi kunung'unika. Miaka thelathini na moja tangu mzee afariki ameishi bandarini kwenye banda la nyavu alilolitia dirisha na jiko la kuni, na ukimhurumia alikuona mjinga. Mgongo ulipomkatalia uvuvi wa kazi, mwamba ndio uliomwokoa. Akaanza kutembeza wageni wakati wa baridi, wanane kwa safari, amewavika masuti mazito ya rangi ya machungwa. Aliwapitisha chini ya milima, akawaonyesha tai, akawapeleka mwambani kila mmoja akavua samaki wa kupigia picha, kisha akawashusha kwa dada yake wakanywe supu. Boti za mjini zilikuwa na chumba cha joto na choo. Eilif hakuwa na choo. Alikuwa na mwamba, na wageni walimfuata kwa sababu kwake walivua kweli.

Alhamisi moja, jua lilikuwa na wiki ya pili tangu lirudi baada ya giza la majira ya baridi. Lilikuwa bado halifiki majini; liligusa vilele tu kwa saa mbili, vikawa vyekundu, kisha likaondoka. Baridi ilikuwa nyuzi kumi na moja chini ya sifuri. Wageni walishangilia kama kawaida yao, Eilif akawaambia majina ya milima kama kawaida yake, na alipozunguka kona ya Kisiwa cha Kasisi akaona boti nyekundu imesimama juu ya mwamba.

Aliijua. Ilikuwa ya kampuni moja ya mjini, na aliyeiendesha tangu Novemba alikuwa Sivert, mume wa Ingvild, bintiye Ragnfrid. Redio ikakoroma.

"Mjomba! Za asubuhi? Leo wamejaa, mjomba, njoo tu, tutatosha wote!"

Kila mwenye redio ghubani alisikia. Eilif alijibu nzuri, akazima injini mbali kidogo, akaanza kujipoza moyo. Ni bahati, alijiambia. Kijana kapita, chombo kimemwonyesha samaki, kasimama. Hata kipofu huweza kukanyaga shilingi.

Lakini hapo mkondo una nguvu. Boti ikizimwa huondolewa juu ya mwinuko kwa dakika saba au nane, na aliyefika kwa bahati hupapoteza. Eilif alitazama boti nyekundu ikielea mpaka ikatoka. Sivert akawasha injini, akarudi palepale. Ikaelea tena. Akarudi tena palepale, hakubahatisha hata kidogo, akazima injini pale pale ambapo Mzee Peder angeizima.

Miongoni mwa wageni alikuwamo bibi mmoja wa Uholanzi, mwalimu mstaafu, mchangamfu, mwenye maswali kila dakika. Akamgusa Eilif begani.

"Nahodha, jana nilikuwa kwenye boti ile. Tusogee basi, si ndiyo sehemu yenyewe? Yule kijana alituonyesha. Ncha ya mlima ule ikianza kuchungulia nyuma ya kisiwa, na bomba la moshi la ile nyumba ya njano likikaa chini ya ule ufa wa mlimani."

Eilif alikaza macho kwenye boti nyekundu, bibi akaendelea:

"Anasimulia vizuri kweli! Eti mzee alizima injini, akawaamuru watoto wavue kofia kama wako kanisani, kwenye baridi kama hii, ndipo akawaonyesha. Nilitokwa na machozi."

Alama mtu angeweza kuzipata kwa kuvizia, akikaa na darubini miaka kumi. Habari ya kofia haiviziwi. Botini siku ile walikuwa watatu, na mmoja wao yuko makaburini.

Hakuwapeleka wageni mwambani. Aliwapeleka kwenye uongo wake, kwa kuwa mikono haikujua pengine pa kwenda, wakakaa saa nzima na mishipi mitupu, mbele ya boti nyekundu iliyokuwa ikiinua samaki kwa vifijo. Baba mmoja wa Kijerumani akauliza kwa upole kama kuna tatizo. Eilif akamwambia samaki nao wana siku zao. Aliona aibu, na aliona aibu zaidi kwa kuwa hakuwa amekosa lolote.

Kwa Ragnfrid wageni waliketi sebuleni, miwani ikifanya ukungu. Eilif akapitiliza jikoni, akafunga mlango.

"Mmechelewa," Ragnfrid alisema bila kugeuka, anakoroga. "Supu inanikaukia. Vipi, wamepata?"

Swali hilo alikuwa amemuuliza kila siku ya safari tangu msimu uanze.

"Sivert amepata."

Mwiko ukasimama ndani ya sufuria.

"Bahari ni ya wote, kaka."

"Usiniletee bahari ya wote. Kofia, Ragnfrid. Habari za kofia kazipata wapi?"

"Punguza sauti, wageni watasikia."

"Waache wasikie! Wao ndio wanaojua. Bibi wa Kiholanzi ananielekeza kwenye mwamba wa baba yangu, mimi nimekaa kama gogo. Ulinionaje, dada? Kila asubuhi unanijazia chupa ya kahawa, unaniuliza wamepata, hawajapata, na unajua nani yuko pale!"

Ragnfrid akasogeza sufuria kando ya moto. Alikuwa mwanamke wa miaka sitini na tano, mnene, mwepesi wa kucheka.

"Wangehama," alisema. "Sivert alishapata kazi kusini, ya kuendesha lori. Wangemchukua mtoto. Kampuni ikamwambia, ukijua pa kuvua, boti yako, hujui, kwaheri. Ulitaka nifanyeje? Nimbusu mjukuu wangu kwenye kioo cha simu?"

"Ungeniomba."

"Nilikuomba! Pasaka nilikuomba. Siku ya sherehe ya moto wa kiangazi nilikuomba tena. Ulinijibu nini? Yule hana damu yetu, mimi nikifa mwamba utabaki na samaki. Ulicheka, Eilif. Mdomo umejaa mkate wangu, unacheka."

Hilo lilikuwa kweli, na Eilif alilijua kuwa kweli. Sisi sote tumemsikia akijibu hivyo, tena kwa majivuno. Alikuwa bahili wa mwamba kama wengine walivyo bahili wa fedha.

"Sawa, nilikataa," alisema. "Ilikuwa haki yangu kukataa. Mimi nilikuja lini hapa kudai hata chumba cha juu? Nimelala na nyavu miaka yote hiyo nikasema haidhuru, dada ana nyumba, mimi nina mwamba. Sasa nyumba unayo, mwamba anao mkweo. Mimi nina nini? Niambie, nina nini?"

Sebuleni wageni walicheka jambo fulani. Ragnfrid alijifuta mikono kwenye aproni, akajifuta tena ingawa ilikuwa imekauka.

"Tena sikuwa na cha kumpa," alisema polepole. "Nilikuwa nimesahau."

"Umesahau nini?"

"Alama. Ncha ipi, kisiwa kipi, bomba lije upande gani wa ufa. Ni miaka arobaini na tisa. Nilisimama dirishani siku nzima nakumbuka kofia tu, na jinsi masikio yalivyoniuma."

"Basi nani kamwambia?"

"Wewe."

Eilif akamtazama.

"Hospitali," alisema Ragnfrid. "Septemba."

Septemba utumbo wa Eilif ulipasuka, akalazwa mjini wiki tatu, na wiki ya kwanza hakuna aliyemtarajia arudi. Ragnfrid alipanda basi kila baada ya siku moja kwenda kumwona, saa mbili kwenda na saa mbili kurudi. Mchana mmoja alimshika mkono, akamwambia amsimulie ile siku ya baba, neno kwa neno, imtulize. Eilif alimsimulia. Walilia wote wawili. Toka hapo amekuwa akituambia, ingawa ni mtu asiyependa kusema mambo ya moyoni, kwamba ugonjwa ule ulimfaa, kwa kuwa ulimwonyesha ana dada.

"Ulikuwa unalia," Eilif alisema.

"Nililia kweli, Eilif. Naapa. Nilidhani unakufa."

"Na kwa kusimuliwa siku moja tu umekumbuka yote? Wewe uliyesahau?"

Ragnfrid akagusa mfuko wa aproni. Kisha akasema, "Simu ilikuwa mfukoni. Niliiwasha irekodi."

"Unayo bado?"

"Kaka, tuache."

"Nipe nisikie."

Alikataa mara mbili, ya tatu akaitoa mfukoni mwa aproni, akatafuta, akaiweka mezani kati ya mkate na bakuli la siagi. Kwanza kilisikika kitoroli cha wauguzi kikipita. Halafu sauti ya Eilif, nyembamba, mpira puani, lakini yenye raha. Alicheka akieleza jinsi baba alivyompiga kofi kwa kuchelewa kuvua kofia. Alitaja alama ya kwanza. Alitaja ya pili. Sauti ya Ragnfrid ikamwomba azirudie, amekuwa mzee, hashiki, naye akazirudia polepole kama anayemfundisha mtoto kuvaa viatu. Kisha yule mgonjwa akasema:

"Lakini usije ukamwambia mtu, dada."

Na Ragnfrid, karibu kabisa, akivuta kamasi za kilio:

"Nimwambie nani mimi? Tumebaki wawili tu. Lala sasa."

Jikoni Ragnfrid alikuwa amejifunika uso kwa aproni. Eilif hakumpigia kelele. Hasira aliyoingia nayo ilikuwa imemtoka, na kilichobaki hakikuwa na nguvu ya kupiga kelele. Aliiinua sufuria, akaipeleka sebuleni, akawapakulia wageni mmoja mmoja mpaka wakashiba. Naye akaketi nao, mwisho wa meza, akala bakuli moja.

Walipomaliza alivaa viatu pamoja nao, akatoka nao kwa mlango wa mbele. Mlango huo kwetu ni wa wageni. Watu wa nyumba hupita jikoni, na Eilif alikuwa amepita jikoni tangu alipojua kutembea. Ragnfrid alikuja kuwaaga, macho mekundu, akasimama kizingitini akiwapa mikono. Wageni walimshukuru kwa chakula, kila mmoja kwa zamu yake. Eilif alikuwa wa mwisho. Akavua kinga ya mkono, akampa mkono, akamwambia ahsante sana, mama, supu ilikuwa nzuri. Alimwambia kwa Kiingereza, kama wale wageni.