Msiba wa Mama Pendo

Asubuhi za Busia zilianza kwa breki. Malori yaliyolala foleni kusubiri forodha yalisogea kidogo, yakatoa ule mluzi mrefu wa upepo, yakasimama tena, na moshi wa dizeli ukatuingilia dirishani kabla ya chai. Nyumba yetu ilikuwa upande wa Uganda, karibu na mpaka kiasi kwamba antena ya televisheni, ambayo baba aliifunga kwenye mwanzi mrefu, iliangalia Kenya. Picha za Kenya zilitufikia safi kuliko za Kampala. Ndiyo maana jioni, mama akishaosha vyombo, tuliketi mkekani kutazama tamthilia ya Kenya kuhusu mwanamke mmoja aliyeitwa Mama Pendo, mumewe mlevi, na mtoto wao mdogo wa kiume. Leo naandika na kutayarisha tamthilia za televisheni, ndiyo kazi inayonilisha, na watu wakiniuliza nilisomea wapi huwataja walimu wangu wa chuo. Hiyo ni heshima tu. Nilisomea pale mkekani, na zaidi nilisomea jikoni kwa bibi yangu mzaa mama, kijijini Merikit.

Likizo ile nilikuwa na miaka kumi. Mjomba alileta mtama sokoni Busia kila wiki, na akirudi Merikit alinibeba, nikalala kwa bibi hadi Jumapili. Mama hakwenda. Alikuwa ameolewa na baba, Msamia wa Lumino, bila baba kufika kwa wakwe kujitambulisha, na kwa kabila la mama, mama wa mke haingii katika nyumba ya mkwe ambaye hajaja kwake rasmi. Hilo lilivumilika mpaka mdogo wangu Ouma alipofariki kwa homa, mwaka mmoja kabla. Tulimzika Lumino na bibi hakuja. Alituma salamu za pole kupitia kwa mjomba, akabaki nyumbani kwake, mila imemfunga. Tangu siku ile mama hakulitaja jina la mama yake. Nami nilikuwa natoka kwa mmoja nakwenda kwa mwingine, nikiulizwa pande zote mbili, kwa sauti ya kutojali isiyomdanganya mtu, kama huyo mwenzake anakula vizuri.

Kwa hiyo jikoni kwa bibi sikuzungumzia habari za kwetu. Nilimpa habari za Mama Pendo. Moshi wa kuni uliniwasha macho, harufu ya uji wa mtama ilijaa chumba, na wanawake wawili wa kanisani, majirani zake, walizoea kuja na kazi zao za mikono wasikilize. Nilianza hivi siku zote: "Kule Busia, upande wa Kenya, Mama Pendo wiki hii…" Haikunipitia akilini kusema kwamba ni televisheni. Nilidhani wanajua. Tamthilia ilipofika mahali mtoto wa Mama Pendo anaugua na kufa, waandishi walimaliza jambo hilo haraka mno: kitanda, daktari akitikisa kichwa, muziki. Niliona haitoshi. Nikasimulia jinsi mtoto alivyokataa uji, jinsi alivyotaka dirisha lifunguliwe ayaone malori, jinsi mama yake alivyoendelea kumpepea hata baada ya kuambiwa aache. Wanawake wale walilia. Bibi hakulia, aliinuka akachochea moto.

Katikati ya wiki iliyofuata, mchana, nilikuwa nje kwetu Busia naanua nguo nilipowaona watatu hao barabarani. Bibi alibeba kuku mweupe kwapani, wenzake walikuwa na kikapu cha unga wa mtama. Walikuwa wameshazunguka mji wakimtafuta Mama Pendo, na sasa walinitafuta mimi niwaongoze. Bibi alisimama nje ya ua wa minyaa, hatua moja hakuongeza. Mwenzake mmoja alimgeukia jirani yetu, Mkenya aliyekuwa akiuza vitunguu kando ya barabara. "Sisi natoka Merikit," alisema. "Nakuja msibani kwa Mama Pendo. Huyu mtoto najua nyumba." Jirani alicheka mpaka akashika magoti. "Mama Pendo wa TV? Hiyo ni drama tu, mama. Hakuna mtu amekufa. Huyo mtoto hata jana nilimwona kwa tangazo la sabuni."

Nilitamani ardhi inimeze. Niliona bibi yangu ameaibishwa mbele ya wenzake wa kanisani, na nikajua kwamba mlango wake umeshafungwa kwangu. Mama alitoka ndani kwa ile kelele, akaona kuku, akaona unga, akaelewa. Alisema kwa Kidhopadhola, lugha ya kwao, taratibu, "Mama, kwa mtoto wa televisheni umekuja."

Bibi alinitazama mimi. "Yule aliyekataa uji," alisema. "Aliyetaka kuona malori. Alikuwa nani?"

Mama naye akanigeukia, kwa sababu alitazama tamthilia ile pamoja nami na hakuna malori aliyoyaona ndani yake. Nikasema, "Ouma." Bibi aliketi palepale chini, nje ya ua, vumbi la malori likimfunika, akamlilia mjukuu wake kwa jina. Mama akapita penye pengo la minyaa, akaketi karibu naye barabarani, na kilio chao kikawa kimoja. Jirani aliacha vitunguu vyake akaja kuketi nao. Mila haikuvunjwa, hakuna aliyeingia nyumba ya mkwe. Baba alikwenda Merikit kujitambulisha kabla ya mavuno.

Siku hizi tukimzika mhusika katika tamthilia yangu, simu hujaa maoni kabla kipindi hakijaisha, mengi yakihusu nguo za wafiwa. Silalamiki, naipenda kazi hii na watazamaji wake wenye kelele. Ila waandishi vijana ninaofanya nao kazi wananisumbua. Wanataka kila mtu aeleze lake waziwazi, jina lake na uchungu wake, na wananiuliza faida ya kujificha nyuma ya watu wa kubuni. Mwaka jana nilikwenda Merikit nikamuuliza bibi, ambaye sasa ana televisheni yake na hugombana nayo, kama siku ile alipoondoka nyumbani na kuku wake alikuwa ameshajua kwamba mtoto ni Ouma. Alipunguza sauti ya televisheni ili anisikie vizuri.

"Kama ningejua, mjukuu wangu," alisema, "ningekuja kwa miguu gani?"