Sauti Kutoka Benchi la Nyuma

Kwa miaka kumi na miwili Fiorenza alifanya mapenzi Roma bila kuvua hata koti. Alisimama gizani mbele ya maikrofoni, kipande kilekile cha filamu kikirudiwa ukutani hata mara ishirini, akawapa sauti waigizaji wa kike wasiojua Kiitaliano. Miaka hiyo ya sabini filamu moja ilibeba hadithi nne za kitandani, na katika tatu aliyehema ni yeye: mke wa mwoka mikate, mjane tajiri, mtawa. Mabusu aliyapiga mgongoni mwa mkono wake mwenyewe. Jina lake halikuandikwa popote, na hilo lilimkera kuliko masengenyo yote, maana kazi aliijua.

Mdogo wake Loredana alipojifungua, alimtaka Fiorenza awe mama wa ubatizo. Ilihitajika saini ya Don Ottavio, paroko wa mji wao wa milimani, naye akagoma. Alisema wanaume wa parokia wameitambua sauti hiyo huko sinema, na haitamkataa Shetani mbele ya altare yake. Aache kazi kwanza, la sivyo akae benchi la nyuma, kimya.

"Padri," Fiorenza akamwambia, "waliokata tiketi kunisikiliza wanakaa mbele. Mimi niliyefanya kazi ndimi nikae nyuma?"

Don Ottavio akapangapanga karatasi zake. Fiorenza kazi hakuiacha.

Jumapili ya ubatizo alivaa gauni jekundu, akakaa nyuma kweli. Mbele, mtoto alibebwa na Assunta, shangazi wa mume wa Loredana, mama wa ubatizo wa kuazima, mwoga wa watu kupita kiasi. Paroko akauliza, "Je, unamkataa Shetani?" Assunta akafungua mdomo, maneno yakagoma kutoka.

"Namkataa," akajibu Fiorenza.

Hakuipaza sauti. Aliishusha kifuani kama alivyozoea kazini, ikajaza kanisa zima. Mabenchi ya mbele wanaume wakainamisha vichwa. Mmoja masikio yalimwiva kwa aibu, na mkewe akamkazia macho. Paroko akasema kwa ukali kwamba swali ni la mama wa ubatizo tu.

Loredana akamchukua mtoto kutoka kwa Assunta, akatembea mpaka benchi la nyuma, akamweka mikononi mwa dada yake. Kisha akageuka.

"Haya padri, mama wa ubatizo yuko huku. Maji utayaleta, au tuyafuate?"