Maziwa ya Adey

Wanawake wauza maziwa wa Garissa wana namna yao ya kukaa: migongo ukutani, madumu ya manjano mbele, mikono ikifukuza nzi bila macho kujishughulisha. Zamani maziwa yaliingia mjini katika vyombo vya kusukwa vilivyofukizwa moshi, na harufu yake tamu ilimpokea mtu kabla hajafika sokoni. Vyombo vimebadilika. Istahil, mjane mpole wa maneno machache, hakubadilika. Aliketi palepale miaka yote, akiwasomesha binti zake kwa maziwa ya ngamia mmoja aitwaye Adey.

Adey hakuwa wake. Alikuwa wa Abdiqani, mwana wa mjomba wake, aliyemwazima kwa desturi ya Wasomali: mwenye ngamia wengi humpa jamaa aliyepungukiwa mmoja anayenyonyesha. Ngamia na ndama hubaki wa mwenyewe. Maziwa huwa ya aliyeazimwa.

Abdiqani alikuwa ofisa katika mfuko wa kuwasaidia wafugaji wakati wa ukame. Fedha za mfuko zilipotoweka, wapelelezi walipewa amri ya mahakama ya kuhifadhi mali yake hadi uchunguzi umalizike. Wakapita mazizini wakitafuta chapa yake. Waliiona shingoni mwa Adey, wakampakia katika lori. Ndama, ambaye alikuwa hajapigwa chapa, wakamwacha.

Hapo ndipo Istahil alipoingiwa na hofu. Ngamia hateremshi maziwa vizuri asipomwona ndama wake, na asipokamwa hukauka. Akikauka, hakuna dumu la kupeleka sokoni.

“Sema ni wako,” Arbia, muuza maziwa mwenzake, alimshauri. “Nani atabisha?”

“Chapa si yangu, walaal. Hata ndama anajua.”

“Basi ndama na aende mahakamani.”

Aliyekwenda ni Istahil. Karani alimweleza kwa utaratibu kwamba amri ile ilitolewa kabla ya wahusika kusikilizwa. Kwa hiyo yeyote aliyeumizwa nayo angeweza kumwomba jaji aitazame upya.

Siku ya shauri, wakili wa wapelelezi, kijana mwenye adabu, alimwuliza, “Mama, ngamia huyu ni wa nani?”

“Wa Abdiqani.”

Kwenye benchi la nyuma, Arbia alishika kichwa.

“Sasa wewe unadai nini?”

“Maziwa.”

Watu walicheka. Jaji, mwanamama wa makamo, alingoja wanyamaze, kisha akamgeukia ofisa wa upelelezi.

“Huko mlikomweka, nani anamkama?”

Ofisa alimtazama wakili wake. “Hakuna, Mheshimiwa.”

“Na ndama?”

“Hatukumwona na chapa, Mheshimiwa.”

“Mliomba amri ya kuhifadhi mali,” alisema jaji taratibu. “Ngamia akikauka, mtakuwa mmehifadhi nini?”

Akaamua hivi: uchunguzi uendelee, wala asiuzuie mtu. Adey na ndama wasiuzwe wala wasitolewe Garissa. Watunzwe na Istahil kwa niaba ya mahakama, naye anywe na kuuza maziwa kama desturi ilivyo. Ofisa awe akija kuwakagua, na arudi kueleza hali ya ngamia wengine wote waliochukuliwa.

Jioni lori lilimrudisha Adey, amekonda na kukasirika. Ndama alipenya miguuni pa watu, akaingia chini ya mama yake. Istahil alisimama kando, kibuyu mkononi, akiomba dua kimya. Chuchu zilipojaa aliinama akakama. Matone machache, kisha mkondo mwembamba, kisha povu.

“Alhamdulillahi,” alisema, akaendelea kukama machozi yakimdondoka.

Kesi ya Abdiqani haijaisha. Ofisa huja kukagua, na kila mara Istahil humkaribisha chai ya maziwa. Hukataa kwa upole. Asema anaogopa kushtakiwa kwa kunywa ushahidi.

Asubuhi ile ya kwanza Istahil aliporudi sokoni, Arbia alilichungulia dumu.

“Eti haya ndiyo maziwa ya mahakama?”

“Wa mahakama ni ngamia,” alijibu Istahil, akijiegemeza ukutani. “Maziwa ni yangu. Lete kikombe.”