Nilifunga kwa Ajili ya Gauni

Mwanangu, ipo Alhamisi moja ambayo hata leo sijaisahau. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, hapa hapa Mtwara, nimechaguliwa kwenda Dar es Salaam kwenye maonyesho ya mavazi. Kila Ijumaa mwalimu wetu wa mitindo alitupanga mstari, akatuzungushia futi ya fundi kiunoni na kutaja kipimo kwa sauti. Aliyezidi, gauni lake alipewa mwingine. Usicheke. Wewe unapimwa na watu wa kwenye simu usiowajua. Mimi nilipimwa na mmoja tu, na alinitosha.

Basi nikabuni ujanja. Nyumbani nikasema nafunga sunna, Jumatatu na Alhamisi. Mama akafurahi, mwanawe kashika dini. Baadaye nikafunga kila siku, nikidai nalipa siku za Ramadhani. Futari naigusa tu, kisha nakwenda kuitapika. Usingizi ukakata. Kioo nikakiogopa. Nikafika mahali pa kutamani nisingezaliwa, na bado asubuhi nilitabasamu kama nilivyofundishwa.

Alhamisi hiyo akaja Bi Somoe, somo yangu, mama wa Kimakonde aliyenifunda unyagoni. Somo ndiye anayemfunda na kumwogesha mwali, mwili wake anaujua. Adhana ya magharibi ilipoita, akaniwekea uji na muhogo, akakaa mbele yangu.

"Kula, mwali wangu."

"Nimeshiba, somo."

"Umeshiba nini, na wewe umefunga?"

Nikalisukuma bakuli pembeni. Akanishika mkono juu ya kiwiko. Vidole vyake vikauzunguka vikapitana.

"Saumu hii unamfungia nani? Usimsingizie Mungu."

Nilipandwa na hasira! Nikamwambia ananionea wivu, yeye ambaye hata picha hajapigwa. Naona aibu kulisema neno hilo mpaka sasa. Nikainuka niondoke, nikaanguka mlangoni.

Nilipozinduka, alikuwa analia. Hakunigombeza.

"Nilikufunda kutunza siri," alisema. "Hii sikukufunda kuificha."

Kesho yake, badala ya kwenda kupimwa kiuno, alinipeleka hospitali. Mbele ya daktari, alieleza yeye. Gauni akavaa mwingine, nami nikakaa karibu miaka miwili ndipo nikaweza kula mbele za watu bila kuogopa.

Mwanangu, kazi ya mitindo sikukatazi, ifanye na uipende. Ila siku utakapoanza kuwadanganya wanaokupenda kuhusu chakula chako, usingizi wako au machozi yako, ujue umeshaugua, na ugonjwa wa nafsi na akili una matibabu yake kama malaria. Usingoje kuanguka. Mwambie mtu mmoja siku hiyo hiyo, na mwende hospitali pamoja. Ukikosa wa kumwambia, njoo kwangu, hata kama jana yake ulinitukana.

Mungu akupe usingizi, akupe hamu ya kula, akufikishe umri wa kunenepa na kukunjamana kama mimi.