Nyumba ya Milioni Moja na Laki Mbili

Nyumba ilikuwa mtaa wa Bagamoyo, pale Tukuyu mjini, nyuma kidogo ya maduka, na mimi niliipenda kwa sababu ya jiko. Lilikuwa jiko la ndani, lenye dohani ya matofali. Kwa miaka saba tulikuwa tumepanga vyumba viwili Makandana, karibu na hospitali nilikokuwa muuguzi, na huko nilipikia barazani chini ya bati lenye matundu. Anayeijua mvua ya Tukuyu atanielewa. Mume wangu alikuwa anapima vyumba kwa hatua na kuhesabu kwa sauti. Mimi nilisimama jikoni nikashika ukuta. Ulikuwa mkavu.

Mwenye nyumba alikuwa mzee wa Kiislamu aliyeuza vitenge na vyombo vya nyumbani pale mjini tangu enzi za kupanga foleni ya sukari. Sasa biashara ilikuwa imeachiwa huru, mitumba imejaa kila kona, wateja wake wamepungua, na yeye alitaka kuwafuata wanawe Mbeya. Alitukaribisha chai, akatutajia bei mbili.

"Mkilipa taslimu, milioni moja na laki mbili," alisema. "Mkitaka kulipa taratibu, milioni moja na nusu. Elfu ishirini na tano kila mwezi, miaka mitano. Riba sitaki, dini yangu hainiruhusu. Bei ni hiyo hiyo, haipandi hata mkichelewa."

"Na hati, mzee?" mume wangu aliuliza.

"Hati nitakaa nayo mpaka mmalize, mwalimu."

Njiani kurudi tulicheka. Eti kwa kulipa taratibu tu, mzee aongezewe laki tatu za bure! Tena tuliogopa: mzee akifariki katikati, je, wanawe watatutambua? Ndipo mume wangu akaleta habari ya benki moja ya Mbeya iliyokuwa ikikopesha wafanyakazi fedha za kununulia nyumba. Benki ingemlipa mzee taslimu, nyumba ingewekwa rehani, na sisi tungelipa shilingi elfu ishirini na nne na mia saba kila mwezi. Tuliona haraka kwamba hizo ni pungufu ya za mzee kwa shilingi mia tatu. Kwamba tungelipa kwa miaka kumi na tano tuliliona pia, lakini tulikuwa na miaka thelathini na kitu, na miaka kumi na tano mbele ilikuwa kama mali ya watu wengine.

Riba iliandikwa asilimia ishirini na nne kwa mwaka. Mume wangu, ambaye alifundisha hisabati darasa la saba, alichukua kalamu mezani pa benki. "Asilimia ishirini na nne ya milioni moja na laki mbili ni laki mbili na elfu themanini na nane," aliniambia kwa sauti ya chini. "Jumla haifiki milioni moja na nusu. Bado mzee ni ghali." Tukasaini. Maneno "kwa mwaka" yalikuwepo. Alikuja kusema baadaye kwamba aliyaona vile unavyomwona mtu unayemfahamu mjini ukapita bila kumsalimia.

Tukahamia. Rejesho lilikatwa moja kwa moja kwenye mshahara wangu, na mshahara uliobaki ulitosha mboga na mafuta ya taa. Tuliishi kwa mshahara wa mwalimu. Sikulalamika. Nilipika ndani, watoto wangu wawili walianikiwa soksi juu ya jiko, na kila mwezi nilipoona ile karatasi ya mshahara nilijisemea kwamba kipande kingine cha ukuta kimekuwa changu.

Miaka mitatu ikapita hivyo. Siku moja nilitumwa Mbeya kufuatilia dawa za wodi, na kwa kuwa nilimaliza mapema, nikaingia benki kuuliza deni limebaki kiasi gani. Nilikuwa nimeshapiga hesabu kichwani. Tulikuwa tumelipa zaidi kidogo ya laki nane na elfu themanini. Nilitegemea kusikia laki tano au sita.

Karani alikuwa dada wa rika langu, mwenye sweta la bluu. Alichomoa kadi, akapitisha kidole.

"Milioni moja, laki moja na elfu sitini na tatu na mia sita."

"Hiyo si yangu, dada. Angalia tena jina."

Akaangalia. Ilikuwa yangu. Nikamwambia kuna makosa, sisi tumekatwa kila mwezi bila kukosa, karatasi za mshahara ninazo zote. Nyuma yangu watu walikuwa wanasogea. Nafikiri aliona uso wangu, maana aliigeuza kadi upande wangu, jambo ambalo sidhani alitakiwa kulifanya.

"Hebu angalia mwezi wa kwanza," alisema. "Mlilipa elfu ishirini na nne na mia saba. Riba ya mwezi huo ni elfu ishirini na nne. Kilichopunguza deni ni nini?"

"Mia saba," nikasema.

"Mia saba. Mwezi wa pili, mia saba na kumi na nne. Ndivyo inavyokwenda. Inaongezeka pole pole."

"Kwa hiyo miaka mitatu yote..."

"Mmepunguza elfu thelathini na sita na kidogo. Nyingine zote ni riba, dada yangu."

Niliomba karatasi nikainakili ile kadi, mstari kwa mstari, nimesimama pembeni mwa dirisha. Basi la kurudi nililikosa, nikasubiri lingine.

Mume wangu alikuwa anasahihisha madaftari nilipofika. Nilimwekea karatasi juu ya madaftari. Aliisoma, akachukua penseli akazidisha elfu ishirini na nne na mia saba mara miezi mia moja na themanini. Milioni nne, laki nne na elfu arobaini na sita.

"Ni nyumba tatu na zaidi," alisema. "Tumenunua nyumba tatu na zaidi, tukapewa moja." Halafu akaongeza, bila kuniangalia: "Na mimi ndiye mwalimu wa hesabu."

Nilitaka kumlaumu. Maneno nilikuwa nimeyapanga tangu Kiwira, ndani ya basi. Lakini nilikumbuka kwamba na mimi nilikuwa nimekaa pale pale mezani, nikifikiria jiko, na sikuzidisha chochote. Zaidi ya hapo, bei ya mzee ilinirudia kichwani: miaka mitano, elfu ishirini na tano. Tungekuwa tumebakiza miaka miwili. Wakati huo tulikuwa tumebakiza kumi na miwili.

Nikamwambia, "Mwalimu, usinionee huruma wala usijionee. Nionyeshe tunatokaje."

Ilimchukua siku tatu. Hakuwa na mashine ya kuhesabia, alitumia madaftari ya mazoezi, akafuta na kuanza upya. Siku ya Jumapili, baada ya kanisa, aliniita mezani uso wake umebadilika.

"Sikiliza," alisema. "Rejesho la mwezi huu linapunguza deni kwa elfu moja mia nne na kitu. La mwezi ujao litapunguza elfu moja mia nne hamsini na sita. Sasa, tukienda sisi wenyewe kulipa hiyo elfu moja mia nne hamsini na sita leo, juu ya rejesho, tumeuruka mwezi mzima. Kule mwisho tunafuta rejesho moja. Elfu ishirini na nne na mia saba, yote."

"Kwa elfu moja na mia tano?"

"Haifiki hata hiyo. Na kila tukichelewa, kufuta mwezi kunakuwa ghali zaidi. Kazi ni sasa."

Elfu moja na mia tano ilikuwa bei ya mkungu mmoja mzuri wa ndizi, ukiuuza mwenyewe kando ya barabara Kiwira, mahali malori ya Dar es Salaam yaliposimama kupakia. Niliujua mkungu. Mama yangu, mjane, alikuwa na shamba la migomba kijijini, mwendo wa saa moja kutoka barabarani, na sehemu kubwa ilikuwa imezidiwa na magugu kwa sababu hakuwa na wa kumsaidia.

Nilikwenda kumweleza. Mama alizungumza Kinyakyusa siku zote. Kiswahili alikitunza kwa ajili ya wageni na serikali. Alinisikiliza akimenya ndizi, kisha akaniuliza kama nimeelewa vizuri, kwamba mkungu mmoja unawanyang'anya benki mwezi mmoja. Nikasema ndivyo alivyosema mwalimu.

"Basi chukua sehemu yote ya bondeni," alisema. "Ila palilia mwenyewe. Mimi mgongo umeisha."

"Ndaga, mama," nilishukuru.

Tuliweka lengo la elfu sita kila mwezi. Mikungu minne, na pale ndizi zikipungua, masweta ya shule niliyofuma zamu zikiwa tulivu na kuyapeleka kwenye duka la jirani yetu Bagamoyo ayauze. Siku zangu za mapumziko nilikuwa bondeni na jembe, matope mpaka magotini. Mume wangu alibeba mikungu kwa baiskeli, miwili miwili, na wanafunzi wake walimkuta njiani. Mwanzoni aliona aibu. Walimu wenzake walimwita mwalimu wa ndizi. Akawaambia mbele yangu, "Niiteni hivyo hivyo, miaka sita tu."

Kila mwezi mmoja wetu alikwenda Mbeya na ile elfu sita. Mwezi wa sita nilimwomba yule dada wa sweta la bluu anionyeshe kadi. Deni lilikuwa pale pale ambapo lingekuwa kama tusingeleta hata senti. Elfu zetu thelathini na sita zilikuwa zimeandikwa mahali pengine: malipo ya mbele.

"Maana yake nini?" nilimuuliza.

"Zimewekwa akiba, kwa ajili ya marejesho yajayo. Hazijapunguza deni la msingi."

Mikungu ishirini na kitu! Lakini sikulia. Niliomba kumwona meneja, nikaambiwa ana wageni, nikasema nitangoja. Nilingoja tangu saa nne mpaka saa nane mchana, kwenye benchi, bila kula. Aliponiita nilimwekea mkataba wetu mezani.

"Onyesha mahali palipoandikwa kwamba siruhusiwi kupunguza deni la msingi, bwana meneja."

Aliusoma. Hakuwa mtu mbaya. Alisema katika miaka yake yote pale hakuna mteja aliyekuja kuuliza jambo hilo, na kwamba mkataba unaruhusu, ila kwa barua, kila mara, ikieleza fedha zinakwenda wapi. Kama hakuna barua, karani anaandika malipo ya mbele.

"Basi nipe karatasi," nilisema.

Niliandika barua sita, moja kwa kila mwezi uliopita, pale pale mezani pake. Akazitia saini zote na fedha zikahamishwa. Tangu siku hiyo sikuwahi kwenda benki bila barua na nakala yake, na nakala ile niliigongesha mhuri kabla ya kutoka.

Miaka iliyofuata haikuwa myepesi. Mwaka mmoja upepo uliangusha migomba karibu yote ya bondeni na tukaishi kwa masweta. Mume wangu alipata nafasi ya kwenda chuo kusomea diploma, miaka miwili, nusu mshahara. Tulipiga hesabu mara nne na kila mara ilikataa. Aliandika mwenyewe barua ya kuomba udhuru, akaniomba niipeleke posta, maana yeye asingeweza. Nafasi ile haikuja tena. Ninapoulizwa nyumba yetu ilitugharimu kiasi gani, natoa jibu la shilingi, milioni tatu na kidogo, lakini najua jibu halijatimia.

Yule mzee nilikutana naye mara moja Mbeya, sokoni, anatembelea fimbo. Aliuliza habari za nyumba na kama dohani bado inavuta vizuri. Nikamwambia ukweli wote, pamoja na kicheko chetu cha njiani. Nilidhani atasema neno.

"Mliogopa hati, binti yangu, na mlikuwa na haki," alisema. "Wanangu hawa hata mimi nawaogopa." Akanunua nyanya zake, tukaagana.

Tulimaliza katika mwaka wa kumi tangu tusaini, miaka mitano kamili na ushei kabla ya wakati. Ukilinganisha na tulivyosaini, tuliwanyima benki zaidi ya milioni moja na laki tatu, yaani fedha inayozidi bei ya nyumba yenyewe. Hati tulikwenda kuichukua wawili. Mume wangu alikataa kutoka mpaka asome kila ukurasa, amesimama, kidole kwenye mistari, na watu wakampisha. Mama alikuwa bado hai. Tulimpelekea blanketi jipya na kilo mbili za nyama.

Mwaka uliofuata muuguzi mwenzangu, msichana aliyekuwa ndiyo kwanza ameolewa, alikuja nyumbani na fomu. Alitaka nimdhamini kwenye mkopo wa nyumba, benki nyingine, na fomu alikuwa ameshaijaza.

"Kaa kwanza," nilimwambia. "Ni miaka mingapi?"

"Kumi na mitano, dada. Marejesho yake ni madogo."

Nilimpa penseli na daftari la mume wangu. Nilimwacha azidishe mwenyewe, nikaenda kuongeza kuni. Niliporudi alikuwa ameandika jumla na kuipigia mstari mara mbili, na fomu ameikunja. Nikamwambia simkatazi, nyumba ni kitu kizuri, mimi nimelala mahali pakavu miaka kumi. Nikamfundisha neno deni la msingi, nikamwonyesha nakala zangu zenye mihuri.

Alirudi baada ya wiki mbili na fomu mpya. Ilikuwa nyumba ndogo zaidi, ya vyumba viwili, na miaka saba. Chini ya fomu, kwa mwandiko wake, alikuwa ameomba kuandikiwa kwamba anaruhusiwa kulipa kabla ya wakati. Nilichukua kalamu nikasaini.