Majamvi Juu ya Bati la Bi Shamsa

Siku ninayoikumbuka kuliko zote za ujana wangu, mwanangu, ni ile niliyoambiwa nipande juu ya paa la Bi Shamsa na ndoo ya oili chafu, nikakataa mbele ya mtaa mzima. Sogea hapa nikusimulie. Na hiyo simu iweke chini kidogo, haitakimbia.

Ilikuwa wakati wa vita vya Kagera. Nilikuwa msichana mbichi, mgambo, nimevaa buti kubwa kuliko mguu mpaka ikabidi nijazie matambara. Huko kanda ya ziwa ndege za adui zilikuwa zimeshadondosha mabomu, na hapa Dar watu walitembea shingo juu, wakikwaana njiani kwa kutazama mawingu. Jeshi likaleta mzinga wa kutungulia ndege, likauweka kwenye kiwanja cha wazi upande wa Mnazi Mmoja. Mgambo wachache tulichaguliwa kuwasaidia askari: kubeba masanduku ya risasi, kufuta mitutu, kukaa zamu na kuangalia anga.

Niliupenda mzinga ule, sikufichi. Ulikuwa na kiti, na pembeni ya kiti gurudumu dogo. Ukilizungusha, mitutu inapanda taratibu mpaka inatazama juu kabisa. Nikikaa pale nilijiona mimi ndiye ninayelinda Kariakoo yote, na marehemu mama alichoka kusikia habari zake. Alikuwa akiniambia niolewe basi na huyo mzinga tujue moja.

Sasa, ikatoka amri kwamba mabati yanayong'aa yafifishwe, kwa sababu jua likiyapiga rubani anayaona kutoka mbali. Watu wakapanda juu na tope, na masizi, na oili chafu ya magari. Kwa muda mfupi mitaa yetu ikawa myeusi tii. Likabaki paa moja linalometameta katikati, na lilikuwa la Bi Shamsa.

Bi Shamsa alikuwa mjane wa asili ya Uarabuni, mwenye duka la bizari na tende upande wa mbele wa nyumba yake. Bati lake lilikuwa jipya, lina mfereji kuzunguka paa, na maji yote ya mvua yaliteremka kwenye tangi la saruji uani. Bomba la mtaa likikauka, na lilikauka mara nyingi, wanawake wote tulikwenda na ndoo zetu uani kwake. Hakumuuliza mtu kabila wala dini. Alichokataza ni kuingia na viatu tu.

Kwa hiyo alipoambiwa apake oili, alikataa. Alisema, "Mkipaka oili hapo juu, mtakunywa nini hapa chini?" Akarudi kupima bizari yake.

Jibu lilikuwa hilo tu, lakini mtu mwenye hofu hasikii jibu. Maneno yakaanza sokoni. Kwamba bati lile limeachwa ling'ae makusudi. Kwamba Waarabu wote wako upande wa adui, kwa kuwa nchi yao moja ilimpelekea askari. Kwamba yule mama ana redio ya kuongea na marubani, na mwenye kusema hivyo alikuwa amekunywa chai kwake wiki ileile! Ikafika mahali mtu anaingia uani kuchota maji, anatoka na ndoo kichwani, anasimama kona na kumsema.

Asubuhi moja wakaja. Nilikuwa ndiyo kwanza natoka zamu, natembea kurudi nyumbani, nikakuta watu wamejaa mbele ya duka lake, wengine na fimbo. Mbele yao alikuwepo kiongozi wetu wa ulinzi wa mtaa, nitamwita Mketo, maana kaacha wajukuu na mimi sina ugomvi na wajukuu. Ngazi ilikuwa imeshaegemezwa ukutani. Vitu vya Bi Shamsa vilikuwa vimeanza kutolewa nje: magunia ya tende, kitanda, sanduku la nguo. Walikuwa wamekata shauri. Paa lipakwe oili, na yeye aondoke mtaani kabla ya adhuhuri.

Bi Shamsa alikuwa amesimama mlangoni na ushungi wake umekaa sawasawa, kama anayesubiri mteja.

"Niende wapi?" aliuliza. "Mimi nimezaliwa Mtaa wa Kongo. Mama yangu kazikwa Kisutu. Nitajieni kwetu kwingine, niende."

Mketo akaniona na buti zangu, akafurahi. Akaninyooshea ndoo. "Ndugu Siwema, wewe ni mgambo na ni mwepesi. Panda."

Nikaipokea ile ndoo, mwanangu. Amri ni amri, na nilikuwa nimefundishwa hivyo. Nikaweka mguu kwenye ngazi. Hapo ndipo nikasikia kikohozi nyuma yangu, na kila mtu wa mtaa alikijua kikohozi kile. Alikuwa Mzee Mbonde, muuza ugoro, mtu wa Rufiji, ambaye utoto wake ulikutwa na vita vya Wajerumani na Waingereza.

Tulimsalimia shikamoo hata katika vurugu ile. Akaitikia marahaba, akakaa juu ya kitanda cha Bi Shamsa palepale barabarani, akanitazama mimi peke yangu.

"Binti," akasema, "unaujua mzinga wako unaoutia mafuta kila siku? Mimi niliujua wa Mjerumani. Ndege za Mwingereza zilipoanza kuja kwetu, Mjerumani hakuwa na mzinga wa kupiga juu. Alichukua wa kawaida, akatuchimbisha shimo sisi watu wa kijiji, akauzamisha mkia wake humo mpaka mdomo ukatazama mbinguni. Tukaufunika kwa majani. Ndege ikaja. Akapiga, akapiga, ndege inapita tu huko juu haina habari naye. Unajua alifanya nini baada ya hapo?"

Nikasema sijui.

"Alishuka kijijini akamkuta mama yangu anapika. Akasema moshi wa jiko lako ndio ulioiita ndege. Akamchapa viboko mbele yangu, na nyumba yetu ikachomwa moto. Ndege hakuiweza. Mama yangu alimuweza."

Halafu akanyoosha fimbo yake kunigusa buti. "Haya, panda. Lakini ujue unapanda kumfuata nani."

Lilinichoma neno lile, linanichoma mpaka leo. Nikamwangalia Bi Shamsa. Nikaona kabisa kwamba hatukuwa tumeiona hata ndege moja, ila tulikuwa tumeshampata wa kumpiga. Nikaushusha mguu wangu. Nikaimwaga ile oili yote kwenye mtaro, taratibu, kila mtu aone.

"Sipandi," nikasema.

Mketo akawaka kwa hasira. "Unakataa amri wakati wa vita?"

"Nakataa. Mimi nimefundishwa kupiga ndege. Bi Shamsa ana mabawa wapi?"

Kuna aliyecheka, na kicheko kile ndicho kilichoniokoa, maana Mketo alikuwa amenyanyua mkono. Nikaenda nikasimama mlangoni bega kwa bega na yule mama. Nilikuwa naogopa, usione ninavyoringa leo. Nikawaambia, atakayemtoa huyu aanze na mimi. Na kama tatizo ni bati kung'aa, basi lifunikwe kwa kitu ambacho mvua ikija kinaondolewa. Kitu gani, nilikuwa sijui.

Aliyejua ni mama yangu. Alikuwa amefika kwa kusikia makelele, akaniona nimesimama pale, akageuka bila kusema kitu. Nikadhani ameona aibu. Akarudi amebeba jamvi kichwani, lile kuukuu tunalotandika tukiwa na msiba. Akalibwaga miguuni kwa Mketo, akasema, "Haya, hili haling'ai."

Hapo wanawake wakaelewana bila kikao. Walewale waliokuwa wakichota maji na kumsema kwenye kona, wengine wakiona haya wazi, walikwenda majumbani kwao wakarudi na majamvi, mikeka iliyotoboka, magunia yaliyofumuliwa. Ndipo nikapanda ile ngazi. Nikayatandika majamvi juu ya bati, nikayabana kwa matofali, mpaka paa likawa limefifia kuliko yote ya jirani. Tangu siku ile, wingu likijikusanya, alikuwepo wa kupanda kuyakunja, na mvua ikipita alikuwepo wa kuyatandika tena. Maji ya tangi yakabaki masafi. Kitanda cha Bi Shamsa kikarudishwa ndani, na Mzee Mbonde akalalamika kwamba wamemwondolea kiti.

Usidhani nilivishwa nishani. Jioni Mketo aliniambia nisikanyage tena kwenye mzinga. Nililia sana, maana nilikuwa naupenda. Nikamalizia vita nikilinda ghala la unga Ilala, kazi ya kufukuza panya. Lakini sikuwahi kwenda kumwomba msamaha, na kama angekuwa hai leo nisingemwomba.

Sikiliza sasa kilichotokea baadaye. Vita viliisha, na ndege ya adui haikufika Kariakoo hata siku moja. Mzinga wangu ulichukuliwa bila kupiga risasi hata moja. Tungemfukuza Bi Shamsa asubuhi ile, angekuwa mtu pekee wa mtaa wetu aliyeangamizwa na vita, na waliomwangamiza wangekuwa sisi.

Ndiyo maana nimekuita, mwanangu. Nimesikia ile sauti mnayorushiana kwenye simu zenu, kuhusu yule kijana kutoka Mtwara aliyehamia nyumba ya kona. Kwamba tangu aje wizi umezidi, kwamba anawachorea wezi ramani, kwamba leo baada ya swala ya Alasiri vijana mnakwenda "kuongea naye." Nimeshawahi kuona watu wakienda kuongea na mtu. Nani kati yenu amemuona akiiba? Kama mwizi wa kweli hamjampata, msijitafutie wa karibu mnayemuweza.

Basi usiende. Kutoenda tu hakutoshi, nakwambia ukasimame mlangoni kwake, wenzako wakifika wakukute. Watakuita msaliti, watakutoa kwenye kundi lao la simu. Wakutoe. Mtu akikuamrisha kwa jina la usalama umwumize asiye na kosa, mkatalie mchana kweupe, kwa sauti, hata kama unaogopa. Mimi niko nyuma yako, na mguu huu mbovu nitauburuta.

Mwenyezi Mungu akupe kifua cha kusema sipandi, na ulimi wa kusema hivyo mapema. Akukinge na wenye hofu, na akukinge zaidi usije kuwa mmoja wao. Akupe majirani watakaokuja na majamvi. Amina. Haya, nipe fimbo yangu, Alasiri imekaribia.